Bendera ya duara la nyota: nani aliishona, na nani aliibeba?

Julai 2019 kampuni ya Nike iliondoa sokoni raba ilizokuwa imeziandaa kwa sikukuu ya uhuru wa Marekani. Nyuma ya kisigino cha raba hizo kulikuwa na bendera ndogo: mistari 13 myekundu na myeupe inayopokezana, na katika pembe ya bluu nyota 13 zimepangwa duara. Wamarekani huiita bendera ya Betsy Ross. Colin Kaepernick, yule mchezaji aliyepiga goti wakati wa wimbo wa taifa, aliilalamikia kampuni kwamba hiyo ni alama ya enzi za utumwa. Upande wa pili ukawaka: kuiondoa bendera ya waasisi ni kuwatemea mate mashujaa wa 1776, mwaka nchi ilipojitangazia uhuru kutoka Uingereza.

Katika kelele zote zile, pande mbili zilikubaliana jambo moja bila kulijadili, kwamba hiyo ndiyo bendera ambayo wanamapinduzi walipigana chini yake. Hapo ndipo penye walakini.

Tuanze na mama mwenyewe. Betsy Ross alikuwepo kweli, wala si mtu wa ngano. Jina lake Elizabeth Griscom, alizaliwa 1752, fundi wa kushona vitambaa vya viti, magodoro na mapazia mjini Philadelphia. Mumewe John Ross alifariki Januari 1776, akabaki mjane wa miaka 24 na duka la kuendesha. Hadithi inasema miezi michache baadaye waliingia dukani wageni watatu: George Washington, mkuu wa jeshi la waasi, mfanyabiashara Robert Morris, na George Ross, ambaye alikuwa baba mdogo wa marehemu. Wakamwonyesha mchoro wa bendera wenye nyota za ncha sita. Yeye akawaambia ncha tano ni rahisi zaidi, akakunja kitambaa, akapiga mkasi mara moja tu, nyota ikatoka.

Nimejaribu mkunjo huo kwa karatasi ya daftari. Mara ya kwanza nilipata kitu kama jani la mpapai lililoliwa na wadudu. Mara ya tatu ikatoka nyota safi kabisa, ncha tano, mkato mmoja. Basi sehemu hiyo ya hadithi haina uongo: ni ujanja wa fundi anayejua kitambaa ni ghali na muda ni mfupi. Hata hao wageni watatu hawashindikani, maana Washington alikuwa Philadelphia kweli mwishoni mwa Mei na mwanzoni mwa Juni 1776.

Tatizo ni kwamba hakuna aliyeisikia hadharani hadithi hii mpaka mwaka 1870, takriban miaka 94 baadaye, mjukuu wake William Canby alipoisoma mbele ya chama cha historia cha Pennsylvania. Bibi alikuwa amekufa 1836, wakati huo Canby ana miaka 11. Ushahidi alioleta ni viapo vya jamaa: binti, mjukuu, mpwa. Hakuna risiti ya 1776, hakuna barua, na katika kumbukumbu za Kongresi, yaani bunge la waasi, hakuna kamati ya bendera iliyotajwa mwaka huo.

Wanaomtetea wana hoja ambayo siipuuzi. Kazi ya wanawake wa karne ile haikuandikwa. Mshonaji alilipwa taslimu, akafunga duka, basi. Kudai hati kabla ya kumwamini ni kuwapa haki wenye makarani peke yao. Zaidi ya hayo, hati moja ipo. Tarehe 29 Mei 1777 bodi ya wanamaji ya jimbo la Pennsylvania iliidhinisha Elizabeth Ross alipwe pauni 14, shilingi 12 na peni 2 kwa kushona bendera za meli. Fedha ile si ya kitambaa kimoja cha maonyesho. Mama huyu alikuwa fundi wa bendera kwa maana halisi ya neno, na alikuwa na kazi za serikali mkononi.

Ila soma tena hati hiyo: bendera za meli. Neno hilo nitalirudia.

Mgombea wa pili ni mwanamume aliyejua kuandika, tena kuandika madai. Francis Hopkinson alikuwa mwanasheria na mtunga mashairi, mmoja wa waliotia saini Tangazo la Uhuru kwa niaba ya New Jersey, na aliwahi kukaa kwenye bodi ya wanamaji ya Kongresi. Mei 1780 aliiandikia Bodi ya Admirali barua ya adabu kwelikweli. Alitaja michoro aliyoifanyia serikali, ya kwanza ikiwa bendera ya Marekani, kisha akauliza kama robo ya pipa la mvinyo wa umma lisingekuwa shukrani ya kufaa. Mvinyo haukutoka, naye akabadilisha adabu kuwa ankara. Ankara ikazungushwa meza hadi meza, na mwishowe ikakataliwa kwa sababu ambazo mtumishi yeyote wa umma atazitambua: hakuwa peke yake aliyeshauriwa katika mambo hayo, na kwa kuwa anapokea mshahara, umma una haki ya vijikazi hivyo vidogo bila nyongeza.

Wanahistoria wengi humpa Hopkinson uzito zaidi, nami nakubaliana nao kuhusu mchoro. Dai lake lilitolewa miaka mitatu tu baada ya Kongresi kuidhinisha bendera, mbele ya watu waliokuwepo, na katika majibu yao hakuna aliyemwambia wewe ni mwongo. Walimwambia hukuwa peke yako. Hata hivyo, kwenye ankara yake kitu chenyewe kinaitwa bendera ya wanamaji. Meli tena.

Kwa nini meli? Baharini bendera ni kitambulisho. Ukikutwa na manowari ya kigeni huna cha kuonyesha, wewe ni haramia, na haramia ananyongwa. Ndiyo maana lile azimio fupi la Kongresi la tarehe 14 Juni 1777 limebanwa katikati ya shughuli za wanamaji. Linasema bendera iwe na mistari 13 inayopokezana, myekundu na myeupe, na kwamba nyota ziwe 13, nyeupe kwenye uwanja wa bluu, zikiwakilisha kundi jipya la nyota angani. Sentensi moja. Halisemi nyota zina ncha ngapi, wala kama zipangwe duara, safu au ovyo.

Matokeo yake ni vichekesho. Oktoba 1778 Benjamin Franklin na John Adams, wakiwa Ufaransa, waliulizwa na balozi wa Naples meli za Marekani zitatambuliwaje bandarini. Wakamjibu kwamba bendera ina mistari 13 ya nyekundu, nyeupe na bluu. Hawa si wapita njia. Ni wajumbe wa nchi, na walikosea bendera ya nchi yao, kama kweli palikuwa na ya kukosea. Mwaka uliofuata John Paul Jones, nahodha wa Marekani, aliiteka manowari ya Kiingereza Serapis, akaenda kutia nanga Texel, Uholanzi. Balozi wa Uingereza akadai arudishiwe meli kwa kuwa Jones ni haramia. Wadachi walizichora bendera za meli zake, na michoro ipo hadi leo. Serapis inaonyesha mistari ya rangi tatu, imechanganywa bila mpango, na nyota za ncha nane. Alliance, meli nyingine ya kundi lilelile, ina mistari ya rangi mbili. Nanga moja, nahodha mkuu mmoja, bendera mbili.

Sasa nchi kavu, ambako hadithi ya raba inavunjika kabisa. Tarehe 10 Mei 1779 Richard Peters wa Bodi ya Vita alimwandikia Washington kuhusu bendera za jeshi. Mpango, alisema, ni kila kikosi kiwe na mbili: moja ya taifa, sawa kwa jeshi zima, na nyingine ya kikosi. Kikwazo ni kwamba bado haijaamuliwa bendera ya taifa ni ipi. Vita viko mwaka wa tano. Kama Washington mwenyewe ndiye aliyeagiza ile ya nyota kwa Bi Ross mwaka 1776, Peters alikuwa anamwambia nini? Mtetezi wa hadithi anaweza kujibu kwamba Washington aliagiza ya meli, ya jeshi ikawa suala jingine. Jibu hilo linakubalika, lakini akilitoa amekwisha kuipoteza ile picha ya askari wanaosonga mbele chini ya duara la nyota.

Askari hao walibeba nini basi? Walibeba za kwao. Vita vya baruti nyeusi vilijaza moshi uwanjani, askari hamwoni jirani yake, na amri ya mdomo haisikiki. Bendera ya kikosi ilikuwa mahali pa kutazama: ikisonga unasonga, ikisimama unajipanga. Haikuhitaji kufanana na ya kikosi kingine. Kufanana kungekuwa hasara. Huko Carolina Kusini Kanali William Moultrie alitweka bendera ya bluu yenye mwezi mchanga mweupe, na maelezo yake mwenyewe hayana falsafa yoyote: sare za askari zilikuwa za bluu, na kofia zao zilikuwa na mwezi wa fedha. Tarehe 28 Juni 1776, manowari za Kiingereza zilipoipiga ngome yake kisiwani Sullivan, mlingoti ulivunjika na bendera ikaanguka nje. Sajenti William Jasper aliruka ukuta, akaiokota, akaifunga kwenye mti wa kusafishia mzinga, akaisimika tena. Ile ndiyo bendera aliyohatarishia maisha, yenye mwezi na isiyo na hata nyota moja. Na niongeze kinachosahaulika kila Jasper anapotajwa: magogo ya ngome ile yalipangwa kwa sehemu kubwa na mikono ya watumwa.

Kwingine kulikuwa na bendera ya msonobari yenye maneno ya kumwomba Mungu awe mwamuzi kwenye merikebu za Washington za 1775, na nyoka wa njuga kwenye kitambaa cha njano, "Usinikanyage", aliyetolewa na Christopher Gadsden. Zote mbili zimerudi kwenye siasa za leo na kubebeshwa mizigo ambayo wenyewe hawakuitarajia.

Mpaka hapa mtu angehitimisha kwamba hapakuwa na bendera ya pamoja, kila mtu na kitambaa chake, na umoja ulitungwa baadaye na wajukuu. Hapo mimi nasita. Wenye hadithi wana haki katika jambo moja, ila wamelitafuta pasipo. Wanatazama nyota, kumbe kitu cha pamoja kilikuwa mistari. Tarehe 3 Desemba 1775, mwaka mmoja na nusu kabla ya azimio lolote, John Paul Jones alitweka kwenye meli Alfred bendera yenye mistari 13. Pembe ya juu ilikuwa na misalaba ya Uingereza, kwa sababu watu walikuwa bado hawajaamua kama wanaachana na mfalme au wanamnung'unikia tu. Kikosi cha wapanda farasi cha Sheldon kilichora wingu la radi lenye mabawa, lakini likazungukwa na mistari 13. Tunajua ilivyokuwa kwa sababu Banastre Tarleton, ofisa wa Kiingereza, aliiteka bendera hiyo huko Pound Ridge, New York, Julai 1779, akaenda nayo kwao. Ukoo wake ulikaa nayo hadi 14 Juni 2006, ilipopigwa mnada New York pamoja na nyingine tatu za Virginia, zote kwa zaidi ya dola milioni 17.

Mistari ilieleweka na yeyote: hesabu, utapata makoloni 13. Misalaba ndiyo iliyoleta utata. Tarehe 1 Januari 1776, karibu na Boston, Washington alitweka bendera ya muungano kilimani kuzindua jeshi jipya. Siku hizohizo hotuba kali ya mfalme ilikuwa imefika mjini. Waingereza waliozingirwa Boston walipoiona bendera wakadhani waasi wameisoma hotuba na kusalimu amri. Washington, katika barua ya tarehe 4 Januari, anacheka: bila shaka sasa wanashangaa kwa nini hatujakabidhi ngome rasmi. Wapo wanaosema bendera ile ilikuwa ya mistari, wapo wanaosema ilikuwa ya Uingereza tupu. Kwa vyovyote, kilichowadanganya walioko mjini ni misalaba, na mwaka 1777 misalaba ndiyo iliyotolewa, nyota zikaziba nafasi. Nyota zilikuja kama kiraka.

Duara lenyewe si la kubuni kabisa. Charles Willson Peale alimchora Washington mwaka 1779 na bendera ya bluu yenye nyota duara, bila mistari. Lakini lilikuwa mpangilio mmoja kati ya mingi, na halikupata jina la Betsy mpaka hadithi ya Canby iliposambaa.

Nikirudi kwenye raba, mabishano ya utumwa hayatatuliwi na historia ya ushonaji. Anayesema nchi iliyoanzishwa chini ya alama hizi ilikuwa ya wamiliki wa watumwa anasema kweli, na anayesema wapo waliozifia kwa uhuru naye anasema kweli. Ila kama swali ni bendera gani ilibebwa na nani, ipo moja mjini Boston, katika chama cha historia cha Massachusetts, ambayo haikuwahi kufika kwenye kisigino cha raba. Ni ya hariri na imechorwa swala dume anayeruka chini ya msonobari, na pembeni herufi za kwanza za majina ya George Washington na John Hancock, mwanasiasa wa Massachusetts. Hancock aliikabidhi kwa Bucks of America, kampuni ya wanamgambo Weusi. Katika pembe yake zipo nyota 13.