Aljebra mstari: uanze na matriksi au na uthibitisho?

Mwanafunzi mmoja wa mwaka wa pili alinionyesha daftari lake. Alikuwa amekokotoa diterminanti (namba moja inayotolewa kutoka kwenye matriksi, yaani jedwali la namba) ya matriksi ya 4 kwa 4, kurasa mbili nzima, akapata 0. Hesabu ilikuwa sahihi. Nikamuuliza, hiyo sifuri inakwambia nini? Akanyamaza.

Wanaotaka somo lianze na uthibitisho wana haki ya kumtolea mfano. Mwanahisabati Sheldon Axler, katika kitabu chake Linear Algebra Done Right, alisogeza diterminanti hadi mwisho wa kitabu. Tazama anavyopata thamani-aigeni bila hiyo, yaani namba ambayo opereta (kanuni ya mstari inayogeuza vekta moja kuwa nyingine) huizidisha vekta fulani isiyo sifuri. Chukua vekta isiyo sifuri katika nafasi yenye vipimo n inayotumia namba changamano, uipitishe kwenye opereta mara n. Ukihesabu na ile ya mwanzo, una vekta n+1, nazo haziwezi kuenea humo bila kutegemeana, yaani bila mojawapo kujengwa kwa nyingine. Utegemezi huo unakupa polinomia. Ukiichambua kuwa vipande vya shahada ya kwanza, kipande kimojawapo lazima kiwe kinaigeuza vekta fulani kuwa sifuri. Basi, umemaliza, na unajua kwa nini. Mimi naona ni uthibitisho mzuri ajabu.

Ila mzuri kwa nani? Axler mwenyewe anasema kwenye dibaji kwamba msomaji wake huenda analikuta somo hili kwa mara ya pili. Gilbert Strang, mwandishi mwingine wa kitabu cha somo hili aliyefundisha chuo kikuu cha MIT, Marekani, kwa miongo sita, anamshika mkono anayeanza: 2x + y = 7, x + 3y = 11. Kwa safu mlalo, hiyo ni mistari miwili inayokatana kwenye (2, 3). Kwa safu wima, yaani namba za x pamoja (2, 1) na za y pamoja (1, 3), swali ni jingine: nichukue (2, 1) mara ngapi na (1, 3) mara ngapi ili nifike (7, 11)? Mara 2 na mara 3. Sasa weka (4, 2) badala ya (1, 3). Safu zote mbili zimelala kwenye mstari mmoja, na (7, 11) haifikiki tena. Sifuri ya yule kijana ndiyo hiyo: diterminanti huwa sifuri safu zinapotegemeana hivi, na imeelezeka kwa penseli tu. Kilichomwangusha ni madesa yaliyompa kanuni bila picha. Kuanza na hesabu hakukuwa na kosa.

Kwa anayejisomea peke yake, mimi naweka mbele majibu ya mazoezi kuliko mtindo wa mwandishi. Bila mwalimu, nani atakwambia umekosea? Hapo Jim Hefferon, mwandishi wa tatu wa somo hili, anawapita wote wawili: kitabu chake ni cha bure na mazoezi yana majibu yaliyofafanuliwa. Cha Strang ni cha kununua, ingawa mihadhara yake ya video iko bure mtandaoni. Toleo la nne la Axler nalo ni bure, kwa ruhusa yake.

Kijana nilimpa Hefferon, sura ya kwanza, na sharti moja: kila mfumo wa milinganyo miwili auchore kwanza, kwa mistari na kwa vekta, ndipo akokotoe. Axler nimemwambia ampakue kabisa, amfungue atakapoanza kuuliza mwenyewe kama picha hiyo inasimama hata kwenye vipimo 100.