Pacific Rim Uprising: tatizo si mchana, ni mwendo

Filamu ya Pacific Rim ya Guillermo del Toro (2013), ya maroboti makubwa yanayopigana na mazimwi ya baharini, iliingiza zaidi ya dola milioni 400 duniani. Muendelezo wake, Uprising (2018), chini ya uongozaji wa Steven S. DeKnight, haukufika milioni 300. Mashabiki wengi wanalaumu kitu kimoja: maroboti yametolewa usiku kwenye mvua, yakaletwa juani, na uzito wake ukayeyuka. Hoja hiyo ina ukweli ndani yake, ila imekamata asiye mkosaji.

Mvua ya filamu ya kwanza ilifanya kazi kubwa. Maji yalitiririka kwenye chuma, taa zikameta ndani ya matone, na jicho likapata mamia ya vitu vidogo vya kupimia ukubwa. Giza nalo lilificha mahali picha za kompyuta zinapoungana na zile za kamera. Gharama yake ni kwamba mara nyingi hujui mkono wa roboti umeishia wapi na kaiju, yaani zimwi, ameanzia wapi. Mapigano ya Sydney na Tokyo katika Uprising yameponya hilo: pigo unaliona tangu linapoanza mpaka linapotua. Hiyo ni sifa halali.

Kosa liko kwenye muda. Kitu kikiachiwa kutoka mita 1.8, kimo cha mtu, hufika chini kwa sekunde 0.6. Kikiachiwa kutoka mita 80, takriban kimo cha Jaeger (ndilo jina la maroboti haya), huchukua sekunde 4. Macho yetu yanaijua hesabu hii bila kufundishwa. Ndiyo maana waliopiga picha za vijumba vya mfano, vilivyopunguzwa mara 16, waliiendesha kamera mara 4 ya kasi ya kawaida, fremu 96 badala ya 24 kwa sekunde, ili picha zikionyeshwa kwa kasi ya kawaida, kuporomoka kwavyo kuonekane kama kwa jengo halisi.

Sasa chukua ngumi inayosafiri mita 30. Ikitumia sekunde 2, wastani wake ni kilomita 54 kwa saa. Ikitumia nusu sekunde, ni 216, na mtazamaji anaona mtu aliyevaa gamba la chuma.

Watetezi wanajibu kwamba hadithi imesogea miaka 10 mbele, mitambo imeboreshwa, kwa nini Saber Athena, mojawapo ya maroboti hayo, isiwe nyepesi na panga zake mbili? Ni jibu zuri, lakini linafika nusu ya njia. Injini inaweza kuharakisha mkono. Haiwezi kuharakisha kuanguka. Roboti likiruka, vioo vikimwagika, vumbi likishuka, vyote vinafuata mvuto uleule wa dunia. Scrapper, roboti dogo la msichana Amara lenye rubani mmoja, lina haki ya kukimbia na kubingirika. Majitu ya mita 80 hayana.

Filamu ya kwanza ililielewa hili hata ilipotulia. Kule Hong Kong, ngumi inapasua ofisi, inaishiwa nguvu, na inagusa tu kichezeo cha mezani cha mipira ya chuma. Mipira inaanza kugongana, tik, tik. Ukubwa wa ngumi unausikia hapo.

Ila mwendo wa kweli una bei. Mapigo 20 ya sekunde mbili mbili yanakula sekunde 40 kabla hata ya kuonyesha uso wa rubani. Mwongozaji anayeutaka lazima akubali kupunguza mapigo, na Uprising haikukubali.