Kabla hujawaita watu jacquerie, uliza walikuwa wanadai nini

Wiki iliyopita kwenye grupu letu la WhatsApp la tuliosoma pamoja kulikuwa na ule mjadala wa machinga na mgambo, nani apangwe wapi, nani ahamishwe, nani anaharibu sura ya jiji. Basi jamaa mmoja, msomi, mtu ambaye mimi binafsi namheshimu, akaandika kwamba watu wetu ukiwaachia kidogo tu wanageuka jacquerie. Hivyohivyo, kwa Kifaransa kilichopitia Kiingereza. Grupu zima likampigia makofi, vidole gumba, mioto, "umemaliza kaka". Hakuna aliyeuliza hilo neno maana yake nini wala limetoka wapi. Mimi historia nimeisoma, neno nalijua, na usiku ule nililala na hasira mpaka nikaona niandike.

Neno lenyewe huwezi kulisikia mtaani London wala popote, ni neno la watu wa vitabu na wa safu za magazeti. Wanalitumia kwa maana ya maasi ya wakulima au ya watu wa chini, hasa yale yanayomwaga damu. Lakini hiyo ni maana ya kwenye kamusi, na kamusi haikusimulii lilivyozaliwa.

Ni Ufaransa, mwaka 1358. Miaka kumi tu nyuma tauni imepita na kufagia vijiji. Nchi iko vitani na Uingereza, na mwaka 1356 pale Poitiers jeshi la mabwana wakubwa limepigwa vibaya, mfalme mwenyewe, Jean II, akatekwa. Sasa fikiria mkulima anavyoona mambo. Huyu bwana anayemkamua kila mwaka sababu yake ni moja, kwamba yeye ndo anamlinda, yeye ndo mwenye farasi na upanga. Halafu siku ya kulinda inafika, bwana anashindwa, anakimbia au anatekwa, na hela ya kumkomboa inatakiwa itoke kwa nani? Kwa mkulima yuleyule. Juu ya hapo wanajeshi wasio na kazi wanazunguka vijijini wanapora nafaka na mifugo. Tarehe 28 Mei mwaka ule watu wa Saint-Leu-d'Esserent, kaskazini mwa Paris, wakapambana na kundi la wapiganaji wa kiungwana na kuwaua baadhi yao, na moto ukasambaa mkoa kwa mkoa. Wakampata na kiongozi, Guillaume Cale. Ilichukua kama wiki mbili tu. Charles, mfalme wa Navarre, aliyekuwa anaongoza jeshi la mabwana, akamwita Cale waje wazungumze, Cale akaenda, akakamatwa, na tarehe 10 Juni jeshi lake lisilo na kichwa likasambaratishwa karibu na Mello. Cale akauawa. Baada ya hapo mabwana wakapita vijijini wakichoma na kuua bila kuuliza nani alikuwepo na nani hakuwepo.

Haya, na jina? Mabwana walikuwa na tabia ya kumwita mkulima yeyote Jacques Bonhomme, kwa dharau, sawasawa na wakoloni hapa walivyomwita mzee mwenye wajukuu "boi". Kwa hiyo yaliyotokea yakaitwa mambo ya akina Jacques, jacquerie. Hakuna hata mmoja kati ya wale wakulima aliyeamka asubuhi akasema leo naenda kwenye jacquerie. Hilo jina walipewa na waliowachinja. Na mwandishi aliyeisambaza ile habari kuliko wote, Jean Froissart, alikuwa mtu wa kuishi kwa hisani ya wakubwa, na yeye ndo alituachia picha ya wale watu kuwa ni wafupi, weusi, wenye silaha za hovyo. Alichokuwa anadai Cale hukisikii kutoka kinywani mwa Cale. Unamsikia aliyefurahia kufa kwake.

Hapa ndo roho inaponiuma. Ukisema mgomo, umetaja kitendo, mtu atauliza wamegomea nini. Ukisema mapinduzi, mtu atauliza wanampindua nani. Ukisema jacquerie hakuna swali linalofuata, kwa sababu hujataja kitendo, umetaja aina ya watu. Umesema akina Jacques wamefanya yale wanayofanya akina Jacques. Hasira inakuwa tabia yao ya kuzaliwa, kama vile mvua ya masika, inakuja tu na haina sababu ya kuulizwa. Kodi haipo, njaa haipo, bwana aliyekimbia vita hayupo, kabaki mtu mweusi mfupi na kirungu chake.

Na msidhani limefia kwenye karne ya 14. Novemba 2018 Wafaransa walipovaa vizibao vya njano na kukaa kwenye mizunguko ya barabara, waandishi wakalitoa kabatini, wa Kifaransa na wa Kiingereza, wakaandika kwamba jacquerie imerudi. Wale watu walianza na kodi ya mafuta! Mtu anaishi mbali na mji, basi hakuna, gari lake linakula dizeli, mshahara hauongezeki, anasema hapana. Miaka 660 imepita na bado ni rahisi kumwita Jacques kuliko kupiga hesabu ya dizeli yake.

Niliandika kwa kifupi kwenye grupu, jamaa akanijibu kwa upole kabisa, "dada, hilo ni neno tu". Na wengine wakasema nisilete mambo ya darasani.

Mimi kazi yangu kwa miaka mingi imekuwa habari, na nimeona kwa macho yangu neno tu linavyofanya kazi. Mei 2023 wafanyabiashara wa Kariakoo walipogoma na kufunga maduka nilikuwa nachangia habari kwenye redio moja, siitaji. Asubuhi nikaenda. Mtaa wa Narung'ombe, ambao siku za kawaida hupiti bila kugongwa na mkokoteni, ulikuwa kimya, mageti ya chuma yameshushwa fremu zote, makufuli yananing'inia, wenye maduka wamekaa juu ya marobota na viti vya plastiki wanakunywa kahawa, kuli mmoja amelala ndani ya mkokoteni wake na kofia usoni. Kulikuwa na mama mmoja amesafiri kutoka Tunduma kufuata vitenge, kashikilia pochi kwa mikono miwili, anauliza kila anayepita kama mchana watafungua. Nikakaa na kaka mmoja wa vifaa vya simu. Akanieleza taratibu jinsi mzigo wake unavyokuja, kwamba hana kontena lake, anachangia na wenzake, kwa hiyo karatasi zile zina jina la mtu mwingine, na maofisa wakimkuta stoo wanataka karatasi yenye jina lake, na mteja akitoka dukani naye anasimamishwa njiani aonyeshe risiti. Akatoa simu akanipigia hesabu kwenye kikokotoo, anachouza, kodi ya fremu, ushuru, na kile anachotoa siku wakija wa kamatakamata ili maisha yaendelee. Alisema hakatai kulipa, anakataa kuviziwa. Alisema hivyo mara mbili, ya pili kwa sauti ya chini, akinitazama kama naandika.

Niliandika, tena yote. Taarifa ya saa saba mchana ikasomwa: hali ya taharuki, viashiria vya vurugu, uvunjifu wa amani. Pale niliposimama mimi tangu asubuhi halikurushwa hata jiwe moja. Hesabu ya yule kaka haikusomwa. Mhariri nilipomuuliza akasema ndo lugha yetu ya kazi, muda haukutosha. Muda wa kusema vurugu ulitosha lakini. Halafu Waziri Mkuu Kassim Majaliwa alipokutana na wafanyabiashara pale Mnazi Mmoja, wakasimama mmoja baada ya mwingine na kipaza sauti wakayasema yaleyale, na nchi nzima ikashangaa kumbe kuna hoja. Zilikuwepo tangu asubuhi ya kwanza, juu ya marobota, kwa yeyote aliyetaka kukaa dakika kumi kusikiliza.

Uvunjifu wa amani, sijui nani aliitunga hii. Amani imevunjika, na nani, kwa nini, ilikuwa nzima lini, ilikuwa nzima kwa nani, husikii.

Na angalieni kitu kimoja. Kijana akidhaniwa ameiba pikipiki, watu wakamzingira wakampiga mpaka akafa barabarani, sisi kwenye habari tunawaita "wananchi wenye hasira kali". Wameua mtu, na tumewapa uraia na sababu kwa mpigo mmoja! Wenye maduka wakifunga milango yao wenyewe kwa makufuli yao wenyewe, hao hawana hasira wala uraia, hiyo ni vurugu. Nimeandika hayo maneno "wananchi wenye hasira kali" mara nyingi kwa sababu kila mtu anaandika, na siku hizi nimeyaacha, naandika kundi la watu limemuua kijana.

Sasa najua mtakuja na upande wa pili, na nakubali, nusu. Wale wakulima wa 1358 waliua, walichoma nyumba za watu na familia zilikuwa ndani. Hapa kwetu mwaka 1905 wapiganaji wa Maji Maji walimuua askofu Cassian Spiss na wenzake safarini, na hao hawakuwa wasimamizi wa ile pamba ya Wajerumani waliyolazimishwa kuilima. Januari 1964 wanajeshi wa Colito, pale tunapopaita Lugalo leo, waliasi, na neno ni hilohilo maasi, sina shida nalo, mtu mwenye kiapo na bunduki ya serikali akimgeuzia aliyemwapisha ameasi. Na kila mji ukitikisika kibaka anapata siku yake, tunajua. Lakini hata wale wa Colito ukiuliza utaambiwa walitaka mishahara na maofisa Waafrika badala ya Waingereza. Unaweza kumlaani mtu na bado ukaandika alichotaka. Hivyo viwili havigombani.

Maana sisi tumeshafanyiwa hili, na mji wetu huu ndo ulikuwa makao makuu ya waliotufanyia. Ile sanamu ya Askari pale Samora, kabla yake palikuwa na sanamu ya Hermann von Wissmann. Huyu ndo aliyetumwa mwaka 1889 kumpiga Abushiri na watu wa pwani, na kwao Wajerumani ile vita waliita uasi wa Waarabu. Bwana Heri wa Saadani na Wazigua wake walikuwa Waarabu lini? Jina lile lilikuwa na kazi, lilitaka ionekane ni wafanyabiashara wa utumwa tu wanaokasirika, na siyo pwani nzima inayokataa kutawaliwa na kampuni ya Kijerumani. Abushiri akanyongwa Pangani Desemba 1889, Wissmann akawekewa sanamu. Waingereza walipoingia wakaiondoa, ikaenda Hamburg, na huko miaka ya 1960 wanafunzi wenyewe wa Kijerumani wakaiangusha.

Maji Maji ndo usiseme. Julai 1905 kule Nandete, Umatumbi, watu waling'oa mashina ya pamba. Pamba! Hilo peke yake ni barua kamili, hata asiyejua kusoma anaisoma. Walikuwa wanalazimishwa kulima shamba la jumbe huku mashamba yao yanaota magugu, na malipo yalikuwa madogo kiasi kwamba wengine waligoma kuyapokea. Kinjikitile, mganga aliyewapa watu ile dawa ya maji, akanyongwa Mohoro mapema Agosti, vita ndo kwanza imeanza. Walichofanya Wajerumani baadaye ni kuchoma chakula, ghala na mashamba, na njaa ikaua watu wengi kuliko risasi, makadirio ya wanahistoria wa leo yanafika laki mbili na zaidi. Gavana von Götzen, aliyekuwa na ofisi yake hapahapa Dar, aliporudi kwao akaandika kitabu kizima, na kwenye jina la kitabu ni uasi. Aliyewaua kwa njaa ndo aliyewaandikia jina.

Songea hawakulikubali. Kila tarehe 27 Februari wanakumbuka walionyongwa pale mwaka 1906, na wanawaita mashujaa, na vita wanaiita vita. Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikwenda mpaka pale Songea akaomba msamaha. Kwa hiyo hata mjukuu wa aliyelitoa lile jina ameshasogea.

Mpwa wangu yuko kidato cha pili, Temeke. Juzi kaja na daftari la historia, notisi za Kiingereza, kichwa cha somo kimeandikwa uasi wa Maji Maji, kimepigiwa mstari kwa rula na kalamu nyekundu, na chini yake sababu za kushindwa zimejaa ukurasa mzima, sababu za kupigana mistari minne. Pamba imetajwa kwa neno moja. Tumekaa mezani tukaandika hiyo sehemu upya, shamba la jumbe, malipo, kiboko cha akida, kodi. Nimemwambia kwenye mtihani aandike vita, na mwalimu akimkata maksi aje na karatasi, tutaenda wote shuleni.