Mkopo Kesho, na Kesho Yenyewe Nimefika

Jamani, nani aliruhusu muda uingizwe sokoni? Zamani tulikuwa tunalia na bei tu. Unaamka, unga umepanda, unamlaani dalali wa Kibaigwa, unalipa, unakwenda zako. Siku hizi hapa Dodoma kila kichochoro cha soko kina mwaka wake. Upande wa mboga ni leo. Ukipita nyuma ya wauza dagaa uko 1983. Ukitokezea kwa wauza simu tayari ni 2061, na bado wanakuita "karibu bosi, bei ya maongezi."

Wageni wanashangaa. Sisi wenyeji wala. Mji wetu ulitangazwa kuwa makao makuu mwaka 1973, wakubwa wakaja kufunga virago kweli kweli baada ya 2016. Mtu aliyekulia hapo katikati utamtisha na habari gani za muda kupinda?

Kinachonikera ni kwamba muda ukipinda, lazima upindie kwa mwenye duka.

Chukua sukari. Mama watoto alisikia 1983 sukari ni bei ya kutupwa, akanikabidhi kikapu. Kweli bei ni ya kutupwa, ila sukari yenyewe haipo. Kuna foleni. Tena foleni ya mawe na ndala, wenyewe wamekwenda zao shamba. Zamu yangu inafika, kimebaki unga wa yanga, ule wa mahindi ya njano, na sabuni kipande. Natoa noti ya elfu kumi. Muuzaji anaigeuza, anaimulika juani, noti ambayo kwake haijazaliwa bado, halafu anamwita mgambo. Na mwaka ule si wa kuitiwa mgambo! Ndio mwaka wa msako wa wahujumu uchumi, watu wanatupa bidhaa zao usiku wasikutwe nazo. Nimechomoka hapo kwa kusema noti ni karatasi ya mtoto ya kuchezea. Ndala zangu nikamwuzia mmoja pale kwenye foleni, akanilipa pesa za wakati wao, nikarudi leo pekupeku. Sasa hizo pesa nazipeleka wapi? Hata noti za 1985 mpaka 2003 Benki Kuu ilimaliza kuzikusanya Aprili 2025, sembuse hizi za kabla yake.

Mkate nao ni balaa lingine. Mashine za kuagizia mzigo wa kesho zimetengenezwa nje huko, hazijui kuhesabu saa kama binadamu. Uliagiza mkate wa saa mbili asubuhi? Bodaboda anakugongea saa nane za usiku, mbwa wa mtaa mzima juu, majirani wanachungulia, na wewe umesimama mlangoni na msuli unapokea mkate.

Halafu mtindi. Pakiti imeandikwa mwisho wa kutumika ni tarehe ambayo ng'ombe mwenyewe alikuwa hajazaa. Nikarudisha. Kijana wa duka akanionyesha bango, bidhaa ikishauzwa hairudishwi. Nikamwambia, mwanangu, hii haijauzwa bado, tazama risiti, tarehe ni ya wiki ijayo. Akaitazama risiti, akanitazama mimi. "Sasa mzee, kama haijauzwa, wewe umeibeba vipi?" Nikauacha mtindi pale pale.

Lakini hawa wa zabibu ndio kiboko. Zabibu zetu zinavunwa mara mbili kwa mwaka, mtoto wa Dodoma hahitaji kuambiwa. Dalali kaenda Hombolo, kamkuta mkulima ana shida ya ada, kanunua mavuno ya miaka kumi ijayo kwa bei ya leo. Kisha anakuja kutuuzia leo kwa bei ya miaka kumi ijayo. Ukimwuliza, anakujibu usafiri umepanda. Usafiri gani? Umetoka Hombolo au umetoka mbinguni? Ila kusema haki, mambo hayo ya kununua mazao mabichi shambani yalikuwepo kabla muda haujapinda. Kilichoongezeka ni mkokoteni wa kuvukia miaka tu.

Haya, na Mangi wetu wa hapa mtaani. Siku zote kabandika bango juu ya mizani: LEO FEDHA, MKOPO KESHO. Miaka yote nalisoma, natii. Muda ulipoanza kupinda nikasema sasa nimempata. Nikakodi bajaji mpaka kesho. Kwenda elfu mbili, kurudi elfu tano, dereva anadai akifika jana hapati abiria wa kugeuza naye.

Nikafika kesho. Vumbi lilelile, Mangi yuleyule, bango lilelile. Nikamwambia, Mangi, kesho ndiyo hii, nipe sukari kilo mbili niandike. Akacheka mpaka akashika kaunta. "Mzee wangu, kesho ni kwako uliyetoka mbali. Mimi niliyelala hapa ni leo."

Nikageuka niondoke. Akaniita. "Halafu afadhali umekuja mwenyewe." Akatoa daftari, lile la jalada jeusi linalonuka mafuta ya taa, akalamba kidole, akafungua ukurasa. Jina langu. Mchele kilo hamsini. Mafuta ya alizeti dumu la lita ishirini. Vitunguu gunia zima. Bizari ya pilau. Soda kreti nane. Sahani za plastiki mia mbili. Chini, sahihi yangu, ile yenye mkia.

"Hivi vitu nimechukua lini?"

"Jumamosi ya mwezi ujao."

"Na ulinikopesha? Wewe?"

"Si ulinipa mdhamini." Akasogeza kidole pembeni ya ukurasa. Kwa mwandiko wake wa kuegemea ameandika: *atalipa mkwe*.

Mimi nina binti mmoja tu, yuko chuo mwaka wa pili, na mpaka naondoka nyumbani nilikuwa sina mkwe. Nimerudi, nimelipa elfu tano ya bajaji, nimemwita taratibu, nikamwuliza kama kuna mtu. "Baba na wewe bwana!" akasema, akachukua simu yake akaingia ndani. Mama yake hakuchangia lolote. Ila nimemkuta jikoni anahesabu masufuria.