Anguko la Petyr Baelish na Mashahidi Wake

Huku Uingereza ninakoishi, tamthilia hutazamwa na kila mtu kwa wakati wake na kwenye simu yake, na kesho yake kazini watu huogopa hata kuigusia wasije wakamharibia uhondo mwenzao ambaye bado hajafika hapo. Nyumbani tulitazama tukiwa wengi. Kwa kuonja hali zote mbili, nimeamini kwamba anguko la mwovu halikamiliki bila mashahidi, na mfano wangu ni Petyr Baelish, bwana mwenye hila katika tamthilia ya Game of Thrones.

Katika kipindi cha mwisho cha msimu wa 7, kilichorushwa tarehe 27 Agosti 2017, Baelish yumo ukumbini Winterfell, ngome ya ukoo wa Stark, akidhani kwamba anayeshtakiwa ni Arya, mdogo wake Sansa, bibi wa ngome hiyo. Sansa anataja mauaji na uhaini huku akimtazama mdogo wake, kisha ghafla anamtaka Baelish ndiye ajibu. Anatajiwa mkewe Lysa, ambaye yeye Baelish alimsukuma akafa kupitia Mlango wa Mwezi, tundu la sakafuni lililo juu ya genge; Jon Arryn, mume wa kwanza wa Lysa, aliyelishwa sumu; na Ned Stark, baba yao akina Sansa, ambaye Baelish alimsaliti. Anapojitetea kwamba hakuna aliyeshuhudia, Bran, ndugu yao mwenye maono ya mambo yaliyopita, anamrudishia maneno yaleyale ambayo Baelish alimwambia Ned akiwa amemwekea kisu shingoni. Baelish anamwomba Royce, kamanda wa wapiganaji wa jimbo la Vale, amrudishe huko, anakataliwa, anapiga magoti akilia, na Arya anamkata koo.

Mara ya kwanza nilikitazama kipindi hicho peke yangu, nikavutiwa na ufundi wa hila tu. Nilipokirudia likizoni pamoja na jamaa zangu, shangazi, ambaye hakuwa ameifuatilia hadithi tangu mwanzo, alitaka video isimamishwe kila jina lilipotajwa ili aelezwe huyo alikuwa nani na alidhulumiwa vipi. Kila shtaka likapata uzito ambao sikuwa nimeuona.

Ndiyo maana kifo cha Cersei, malkia katili wa tamthilia hiyohiyo, kilichorushwa tarehe 12 Mei 2019, hakijaniridhisha hadi leo. Aliangukiwa na vifusi chini ya kasri lake, mikononi mwa Jaime, pacha na mpenzi wake, bila kusomewa shtaka hata moja. Wenzangu wa huku husema kwamba madhalimu wengi hufa hivyo bila kuhojiwa, nami siwapingi. Hata hivyo, waandishi walikuwa na uwezo wa kumsimamisha mbele ya Sansa na Tyrion, mdogo wake mwenyewe, akatajiwa wote walioteketea katika Sept ya Baelor, hekalu alilolilipua, ndipo kuta zikaanguka.