Uzito uko kwenye kopo, si kwenye keki

Shangazi yangu ametimiza miaka 70 na tukamwandalia tres leches, ile keki ya maziwa matatu (matamu mazito ya kopo, ya kopo yasiyotiwa sukari, na krimu) yanayomiminwa juu yake ikishaokwa, kwa sababu hakuna keki anayoipenda kuliko hiyo. Wageni wote walikatiwa kutoka trei moja. Yeye, mwenye siku yake, aliletewa sahani ya peke yake kutoka jikoni. Daktari amemwambia apunguze sukari na mafuta, kwa hiyo kuna mtu wa nyumbani alijitolea kumwokea kipande "chepesi": ute wa mayai bila viini, unga wa shayiri badala ya ngano, maziwa yasiyo na mafuta kabisa na sukari bandia. Niliketi kando yake. Maziwa yalikuwa yametuama chini ya sahani, rangi ya maji ya kuoshea mchele, na keki juu yake ilikuwa bado kavu. Akala vijiko viwili, akakiweka kijiko pembeni. "Hii nimepewa kama dawa, mwanangu," akaniambia kwa sauti ya chini, ili aliyeioka asisikie.

Maneno hayo hayajanitoka kichwani. Aliyeoka alioka kwa upendo, hilo nalijua, na ndiyo maana naandika: upendo ule ulielekezwa mahali pasipo na tatizo.

Kila anayetaka kuipunguzia tres leches sukari na mafuta huanza kuishambulia keki yenyewe, na keki yenyewe haina kosa. Haina siagi. Haina mafuta ya kupikia. Ni mayai, sukari, unga na hewa. Chukua mayai 5: viini vyake vina mafuta gramu 25 hivi, na ukikata trei vipande 12, kila mlaji anapata gramu 2. Kwa ajili ya gramu 2 mtu anatoa kiini, yaani kitu kinachoilainisha keki na kuipa ladha ya keki! Halafu anashangaa imekuwa kama mpira. Hewa iliyochapwa ndani ya mayai ndiyo inayoacha vitundu vya kunywa maziwa. Ukiivuruga hiyo kwa unga mzito, maziwa hayana pa kuingia, yanashuka chini na kukaa huko. Ndicho nilichokiona kwenye sahani ya shangazi.

Sasa geukia makopo. Kopo moja la maziwa mazito matamu, lile la gramu 397, lina sukari zaidi ya gramu 200. Gawanya kwa vipande 12 uone. Kisha krimu: mililita 250 za krimu nzito ni mafuta gramu 90 hivi, na hapo hatujafika kwenye krimu ya kupaka juu. Uzito wote uko hapo, kwenye kimiminika, na kimiminika ndicho kitu rahisi kuliko vyote kubadilisha, kwa sababu hakiokwi. Unakionja, unakirekebisha, unakionja tena.

Na kabla mtu hajaniambia kwamba kopo ni mila na haliguswi: mvumbuzi Gail Borden alipopata hataza ya maziwa mazito, yaliyopunguzwa maji, kule Marekani mwaka 1856, shida aliyokuwa akiitafutia dawa ilikuwa maziwa kuharibika. Sukari ilikuja kutiwa kwa wingi ule ili maziwa yakae kwenye kopo bila kuoza. Keki ilikuja baadaye, makopo yalipokwisha kuenea Amerika ya Kati na Meksiko, na hadi leo Wanikaragua na Wameksiko wanagombea ni ya nani. Sukari ile ilikuwa mlinzi wa maziwa. Leo tuna friji.

Mimi hufanya hivi. Natumia nusu kopo la maziwa matamu, gramu 200. Maziwa ya kopo yasiyotiwa sukari naweka kopo zima, mililita 354, ya mafuta kidogo. Krimu naiacha kabisa, mahali pake naweka maziwa ya kawaida yenye mafuta kidogo, mililita 350. Nayachemsha haya ya mwisho polepole na kijiti cha mdalasini mpaka jikoni kunukie, nayapoza, nachanganya yote na vanila na chumvi kidogo sana, ya kubana kwa vidole viwili. Chumvi hiyo msiidharau, ndiyo inayoamsha utamu uliobaki. Maziwa ya kopo yasiyotiwa sukari nayo yana utamu wake, kwa kuwa maji zaidi ya nusu yametolewa, na yana ile harufu ya maziwa yaliyokaa motoni ambayo maziwa ya kawaida hayawezi kuiiga. Onja mchanganyiko ukiwa baridi, maana baridi hupunguza utamu mdomoni na keki hii huliwa ikitoka kwenye friji.

Keki ikipoa, naitoboa kwa uma hadi chini, kila mahali, hasa pembeni. Namimina kwa awamu tatu. Awamu ya kwanza inapotea papo hapo kama maji kwenye mchanga. Ya pili inasita kidogo juu, inaacha viputo vidogo kwenye matundu ya uma, kisha inazama. Ya tatu nasubiri nusu saa ndipo niimimine, halafu trei inalala kwenye friji usiku kucha.

Kuhusu mengine: maziwa matamu "yaliyoondolewa mafuta" yana sukari ileile, soma kopo. Tui la nazi la kopo si jepesi, lina mafuta mengi hata kama limetoka mtini. Keki ya ute mtupu, nakubali, inaweza kufaulu kwa mwenye mkono, lakini ute hausimami vizuri bila sukari nyingi, kwa hiyo unachotoa mlango huu kinarudi kwa mlango ule. Sukari ya kwenye keki yangu nimeishusha kutoka gramu 150 hadi 120, na chini ya hapo povu lilianza kunilegea.

Linalonishinda bado ni la juu. Krimu yenye mafuta chini ya asilimia 30 haisimami ukiichapa, kwa hiyo hakuna krimu nyepesi ya kupamba, kilichobaki ni kuipaka nyembamba tu. Nimejaribu yogati iliyochujwa usiku kwenye kitambaa. Inakaa vizuri, ila ukali wake unagombana na maziwa. Jumapili nilimpelekea shangazi trei yenye krimu unene wa kadi tu, na mdalasini juu. Alikata mwenyewe, kutoka trei ileile tuliyokula sote, akaomba kipande cha pembeni.