Talasimu: Nguvu Iko Kwenye Herufi au Kwenye Mkono?

Anayebuni dunia ya fantasia yenye waandishi wa talasimu, yaani maandishi yanayoaminiwa kuwa na nguvu ya kinga au uchawi, hana budi kuamua jambo moja mapema: nguvu inakaa kwenye maandishi yenyewe, au kwa aliyeyaandika? Wino wa damu ya joka na majoho yenye nembo ni mapambo. Uamuzi huu ndio unaosema nani atatajirika, nani atafungwa, na kwa nini kazi hiyo ipo.

Wanaoipa nguvu herufi wana hoja nzuri. Maneno yakiwa sahihi, talasimu inafanya kazi, hata kama aliyenakili ni mtoto asiyejua maana yake. Kanuni kama hiyo msomaji anaishika haraka, na visa vinazaliwa vyenyewe: hati iliyoibwa, nakala yenye kosa, mtumwa aliyejifunza kusoma kwa siri. Kinachosumbua ni uchumi. Kama herufi zinatosha, fundi analipwa kwa lipi? Mjanja mmoja atachonga kibao, atapaka wino, atapiga chapa elfu kabla jua halijazama. Hilo limeshatokea katika dunia yetu. Malkia Shōtoku wa Japani aliagiza dua fupi za Kibudha zipigwe chapa, kila moja iwekwe ndani ya mnara mdogo wa mbao. Kazi hiyo ilifanyika kati ya 764 na 770, na idadi inayotajwa ni milioni moja. Huko Misri, hirizi za Kiarabu zilipigwa chapa karne kadhaa kabla ya Gutenberg, yule fundi wa uchapaji wa Ulaya. Kwa hiyo dunia ya kubuni ambamo hakuna aliyewahi kufikiria kuchapa talasimu inadaiwa maelezo.

Upande wa mkono unaliondoa tatizo hilo mara moja, lakini kwa bei kubwa mno, kwa maoni yangu. Kipaji kikiwa kwenye damu, miaka ya kujifunza herufi ni ya nini? Mwandishi anageuka mchawi wa kawaida aliyeshikishwa kalamu, na hadithi inarudi kwa yule kijana mteule tuliyemsoma hadi tukachoka.

Watetezi wa mkono wana mfano mmoja, hata hivyo, unaonifanya nisiwapuuze. Gombo la Torati linalosomwa katika ibada ya Kiyahudi lina herufi 304,805, na ikikosekana moja tu, gombo halifai mpaka lirekebishwe. Hapo herufi zinatawala kabisa. Lakini ukichapa herufi zilezile kwa mashine bila kukosea hata nukta, bado hujapata gombo la ibada: ni lazima liandikwe kwa mkono, na mtu aliyefunzwa, kwa nia iliyotamkwa. Huo si uchawi, na hakuna anayeuita hivyo. Ila unaonyesha kwamba mkono unaweza kuwa na uzito bila kusingizia ukoo wala damu.

Halafu yupo mtu ambaye pande zote mbili humsahau: mteja. Magombo ya kinga ya Ethiopia yaliandikwa kwenye ngozi iliyokatwa kulingana na kimo cha mwenyewe, na jina lake likaingizwa ndani ya dua. Misri ya kale ilikuwa na utaratibu mwingine. Magombo ya kumsindikiza marehemu yaliweza kuandaliwa mapema, nafasi ya jina ikaachwa wazi, ikajazwa mnunuzi akipatikana. Ukiweka desturi hizi mbili katika mji mmoja wa kubuni, tayari una tabaka mbili za waandishi, mmoja anayempima mteja kwa kamba na mwingine anayeuza kilichokwisha andikwa, na kila mmoja ana sababu ya kumdharau mwenzake.

Kinachonivuta upande wa herufi ni udanganyifu. Mabakuli ya udongo ya Mesopotamia, yaliyofukiwa chini ya nyumba ili kuzuia mashetani, mengi yana Kiaramu kinachosomeka. Mengine yana mikwaruzo inayoiga maandishi tu. Mnunuzi asiyejua kusoma angetofautishaje? Nguvu ikiwa kwenye herufi, msomaji yeyote anayepita anaweza kufichua bakuli la uongo. Ikiwa kwenye mkono, hakuna wa kukagua, na talasimu ikishindwa fundi atasema mteja hakuwa na imani.

Ndiyo maana ningeuacha ubishi huu uendelee ndani ya hadithi yenyewe. Chama cha waandishi kitahubiri mkono, kwa kuwa fundisho hilo linaficha makosa na kulinda ada. Wanakili wa vichochoroni watahubiri herufi, kwa kuwa ndiyo riziki yao. Msomaji anaweza kukaa sura nyingi bila kujua nani mkweli. Mtunzi hana ruhusa hiyo: siku kibao cha kwanza kitakapopigwa chapa, talasimu itafanya kazi au itabaki karatasi, na kila alichoandika kabla ya hapo kitapimwa kwa matokeo hayo.